Tusimhukumu Asiyejua Kosa

Maoni juu ya adabu ya watoto wachanga na watoto wadogo katika nyumba zetu



Tunapotaja haki na amani, aghalabu fikira zetu huenda mbali na nyumba zetu. Tunawaza uchaguzi, mashamba, mahakama, mishahara na polisi. Mambo hayo yana uzito wake, wala hatutaacha kuyasemea. Hata hivyo, mtu asiyetenda haki chumbani kwake ataidai kwa ulimi gani barazani? Katika nyumba zetu, hapa Chukwani na kwa jirani zetu wa Mbweni, Buyu na Kisauni, yumo mtu asiyeweza kusema, asiyeweza kukimbia wala kushitaki. Hamjui sheha, hana wa kumlilia isipokuwa sisi, na mara nyingine kilio chake chenyewe ndicho kinachohesabiwa kuwa kosa lake. Mtu huyo ni mtoto mchanga, pamoja na ndugu yake wa mwaka mmoja, miwili au mitatu.

Msimamo wetu tunausema mapema. Mtoto anastahili kufundishwa adabu tangu siku zake za kwanza, na mzazi anayepuuza kazi hiyo anamdhulumu. Lakini adabu hiyo sharti ipimwe kwa umri na akili ya mtoto. Kwa mtoto ambaye hajaweza kuelewa kosa ni nini, kofi, kifinyo, fimbo au kutikiswa si malezi, bali ni uonevu wa mwenye nguvu juu ya asiye na nguvu. Hatuandiki haya kwa kuwalaumu akina mama, ambao wengi wao wamechoka kupita kiasi. Twaandika kwa sababu watoto wanaumia, na wengine hufa, kwa jambo ambalo sisi watu wazima tungaliweza kuliacha.

Adabu na adhabu

Katika lugha yetu maneno haya mawili yametenganishwa na herufi moja tu, na pengine ndiyo maana tumeyachanganya. Katika Kiarabu yalikotoka hayana udugu wowote. Adabu ni mwenendo mwema, heshima na utu. Adhabu ni mateso anayopewa mkosaji. Leo mtu akisema, "Nitamtia adabu mtoto huyu," kila asikiaye huelewa kwamba mtoto atapigwa. Neno la heshima limevishwa nguo ya mateso.

Watu husema kwamba samaki hukunjwa angali mbichi. Methali hii ni ya kweli, nasi wana wa pwani tunajua samaki. Samaki mbichi hukunjika kwa mkono mpole. Ukimponda, nyama yake huvurugika na hafai tena kwa mchuzi wala kwa kukaanga. Waliotunga methali hiyo walisema tumkunje, hawakusema tumponde. Methali nyingine husema kwamba mchelea mwana kulia hulia yeye. Nayo pia ni kweli, ikieleweka vema. Mama anayempeleka mtoto wake kliniki kuchanjwa hachelei kilio chake. Baba anayemnyang'anya mtoto kisu hachelei kilio chake. Kutochelea kilio cha mtoto kwa ajili ya wema wake ni jambo moja. Kumliza kwa makusudi ni jambo jingine kabisa.

Kilio si kiburi

Tuanze na mdogo kuliko wote. Mtoto wa wiki tatu au miezi miwili analia usiku. Amenyonya, amebadilishwa nepi, bado analia. Baba aamka asubuhi kwenda kazini, mpangaji wa chumba cha pili agonga ukuta, na mama hajalala siku tatu. Hapo ndipo husikika maneno kama "mtoto huyu ana kiburi", "amezoea mikono", "ananijaribu".

Mtoto huyo hana kiburi. Ili mtu awe na kiburi lazima ajue kwamba wewe una mapenzi yako naye ana yake, kisha achague kukupinga. Mtoto mchanga hana hata uwezo wa kufikiri kwamba yupo mtu aliyeudhika. Kilio ndiyo lugha yake pekee: nina njaa, nina joto, tumbo linaniuma, nimechoka, naogopa. Na madaktari wamekwisha kuona kwamba kilio cha watoto wachanga wenye afya huongezeka katika wiki za kwanza, hufikia kilele karibu na wiki ya sita, kisha hupungua kufikia mwezi wa tatu au wa nne. Mama anayejua hayo hustahimili kwa moyo mwepesi zaidi, maana anajua kwamba shida hii ina mwisho.

Wengine huhofu kwamba mtoto akibembelezwa kila aliapo ataharibika. Juu ya hili upo ushahidi uliotoka karibu nasi. Mwaka 1954 na 1955 mtaalamu mmoja wa saikolojia, Mary Ainsworth, alizitembelea familia 26 katika vijiji vya Buganda, karibu na Kampala, akaandika kwa uangalifu jinsi mama na watoto wao wachanga walivyoishi. Kitabu chake kilichapwa mwaka 1967. Aliona kwamba watoto waliotulia, wasiolia sana, walikuwa watoto wa akina mama waliowaelewa na kuwaitikia. Baadaye, huko Marekani, yeye na mwenzake Silvia Bell walieleza mwaka 1972 kwamba watoto walioitikiwa mapema katika miezi ya kwanza walilia kidogo zaidi ulipokaribia mwisho wa mwaka wao wa kwanza. Hivyo basi bibi zetu waliowabeba wajukuu mgongoni kwa kanga na kuwaimbia hawakuwa wakiwadekeza. Walikuwa wakiwafundisha somo la kwanza la adabu, yaani kwamba duniani yupo mtu wa kuaminiwa.

Jambo moja tunaomba lisomwe kwa sauti katika kila Jumuiya. Mtoto mchanga asitikiswe kamwe. Kichwa chake ni kizito kuliko mwili wake unavyoweza kukihimili, shingo yake haijakaza, na ubongo wake bado ni laini. Akishikwa mbavuni au mabegani na kutikiswa kwa nguvu, ubongo hugonga huku na huku ndani ya fuvu, mishipa midogo ya damu hukatika, na damu huvuja juu ya ubongo na nyuma ya macho. Mtoto aweza kupofuka, kupata kifafa, kupooza, kudumaa akili, au kufa. Mara nyingi nje hapaonekani jeraha lolote. Daktari Norman Guthkelch wa Uingereza alilieleza jambo hili mwaka 1971, na John Caffey wa Marekani mwaka uliofuata. Hasira ya sekunde chache yatosha kuleta msiba wa maisha.

Basi mlezi afanye nini anapohisi hasira imepanda? Amlaze mtoto chali mahali pa salama, pasipo mto wala nguo nzito usoni, atoke nje, anawe uso, apumue, asali, amwite jirani. Mtoto aliyelia dakika chache peke yake hajadhurika. Na ikiwa mtoto ana homa, anakataa kunyonya, anatapika mfululizo, amelegea, au kilio chake kimebadilika ghafla, hapo si suala la kubembeleza tena. Apelekwe hospitali bila kukawia.

Anayetambaa na anayesimama dede

Kuanzia miezi sita hivi hadi mwaka, mtoto huanza kushika kila kitu na kukitia kinywani. Huangusha kijiko, ukimpa hukiangusha tena, nawe waona anakuchezea. Kumbe yuko shuleni. Anajifunza kwamba vitu huanguka, kwamba hutoa sauti, kwamba kitu kilichofichika bado kipo, na kwamba mama hurudi. Kumpiga mkononi kwa sababu ameshika kikombe ni kumwadhibu kwa kusoma.

Katika umri huu kinachopaswa kurekebishwa kwanza ni nyumba. Jiko la mkaa liinuliwe au lizungushiwe kizuizi. Ndoo ya maji ifunikwe, maana mtoto mdogo aweza kuzama hata katika maji machache. Mafuta ya taa yasiwekwe katika chupa ya soda. Dawa, wembe, sabuni ya unga na nyaya za umeme viwe mbali na mikono yake. Wahenga walisema kwamba mtoto akililia wembe mpe. Nasi kwa heshima yao twasema, kwa mtoto wa umri huu usimpe, wala usimpige kwa kuulilia. Uondoe, umpe kijiko cha mti badala yake. Neno "hapana" litumike kwa mambo machache ya hatari tu. Likisemwa mara mia kwa siku, mtoto halisikii tena, kama sisi tusivyosikia tena mvumo wa ndege zinazotua kiwanjani Kisauni.

Kati ya mwaka mmoja na mitatu huja kipindi kinachowachosha wazazi kuliko vyote. Mtoto anatembea, anataka, lakini hana maneno ya kusema anachotaka. Anajitupa chini, anapiga mateke, anasusa chakula, anauma wenzake. Watu husema, "Huyu ameshindikana," naye hajatimiza miaka miwili! Sehemu ya ubongo inayomwezesha mtu kuzuia hasira yake na kupima matokeo ya tendo lake huendelea kukua mpaka mtu awe na miaka ishirini na kitu. Tunamtaka mtoto wa miaka miwili ajitawale, na sisi tulio na miaka arobaini tumeshindwa kujitawala mbele yake.

Mtoto wa namna hii hahitaji hotuba wala bakora. Anahitaji mtu mzima aliyetulia, amshike au akae karibu naye mpaka dhoruba ipite, kisha amwambie kwa maneno machache: "Hatuumi. Kuuma kunaumiza." Ashughulishwe na jambo jingine. Apewe uchaguzi mdogo: uji kwanza au kuoga kwanza? Ratiba ya siku isiyobadilika-badilika, yaani saa ya kula, saa ya kuoga na saa ya kulala, humwepushia mtoto na mlezi ugomvi mwingi. Aghalabu mtoto anayechachamaa jioni ni mtoto mwenye njaa au usingizi tu.

Aliyefika miaka mitatu hadi mitano aweza kuelewa kanuni fupi na matokeo yake. Akimwaga maji, asaidie kufuta. Akimnyang'anya mwenzake, arudishe na kuomba radhi. Akipiga wenziwe mchezoni, aondolewe mchezoni dakika chache, akae karibu na mtu mzima, kisha arudi. Akifanya vema, asifiwe papo hapo, maana mtoto huyatafuta macho yetu kama mmea utafutavyo jua. Na kwa mtoto anayekojoa kitandani, twasihi aachwe apumzike. Watoto wengi hawajakauka usiku hata wakifika miaka mitano. Kumwita kikojozi mbele ya wenzake, kumchapa au kumtembeza na shuka lake ni kumwaibisha kwa jambo linalotendeka akiwa usingizini.

Yapo pia maumivu yasiyotumia mkono. Kumtisha mtoto kwa zimwi, kwa polisi au kwa sindano ya daktari, kumfungia chumbani gizani, kumpaka pilipili, kumnyima chakula, kumwambia kwamba mama atamwacha: mambo haya humvunja moyo, na siku atakapomhitaji kweli daktari au polisi, atawakimbia.

Umri wa kuelewa

Mama Kanisa ametupa kipimo ambacho twakisahau. Sheria ya Kanisa ya mwaka 1983, katika kanuni ya 97, inamwita mtoto aliye chini ya miaka saba mchanga, asiyehesabiwa kuwa mwenye kujimiliki. Akishatimiza miaka saba ndipo hudhaniwa kuwa na matumizi ya akili. Mwaka 1910 Papa Pius X, alipowafungulia watoto njia ya Komunyo ya Kwanza, aliutaja umri ule ule wa miaka saba hivi kuwa ndio umri wa kupambanua, na kuanzia hapo mtoto hupelekwa kuungama. Hatujapata kumwona padre akimwita kitubioni mtoto wa miaka miwili. Kwa nini? Kwa sababu hawezi kutenda dhambi. Ikiwa mbele ya Mungu mtoto huyu hana hatia, ni hakimu gani huyu nyumbani kwetu anayemhukumu na kumpa adhabu?

Jirani zetu Waislamu, ambao tunachangia nao visima, hospitali na misiba, nao wanafundishwa kwamba mtoto huanza kuamrishwa sala anapofika miaka saba. Hapa basi hatuna ugomvi wa dini. Ni hekima ya pamoja kwamba mtoto hatwikwi mzigo usiolingana na mabega yake.

Fimbo ya Mithali

Tunajua swali linalofuata, maana tumeulizwa mara nyingi: je, Maandiko hayasemi kwamba asiyetumia fimbo anamchukia mwanawe? Ni kweli, Kitabu cha Mithali, katika sura ya 13 na ya 23, kinataja fimbo, na Yoshua bin Sira katika sura ya 30 anasema vivyo hivyo. Hatuwezi kuzifuta aya hizo. Lakini tusome kitabu kizima. Mwana anayefundishwa katika Mithali anaonywa asimdhamini mtu mikopo, asishawishiwe na mke wa mwenzake, asikae na walevi. Sura ile ile ya 23 yenye fimbo ndiyo yenye maonyo marefu juu ya mvinyo. Je, mtoto anyonyaye anakopesha? Anakunywa mvinyo? Mwanafunzi wa Mithali ni mtu mwenye akili ya kusikia mashauri na kuyachagua. Kuichukua fimbo ya kijana huyo na kumpigia kichanga ni kuyapotosha Maandiko.

Tena Mtume Paulo, katika Waefeso sura ya 6 na Wakolosai sura ya 3, anawaelekezea akina baba onyo lao wenyewe, wasiwachokoze watoto wao hata wakakata tamaa. Nabii Hosea, katika sura ya 11, anamwonyesha Mungu mwenyewe akimfundisha Efraimu kutembea, akimshika mikono, akiinama kumlisha. Na katika Mwanzo sura ya 33, Yakobo anakataa kwenda kwa mwendo wa Esau na watu wake, kwa sababu watoto wake ni wachanga. Anachagua kwenda polepole kwa kadiri ya hatua zao. Hatujui mahali pengine palipoelezwa vizuri zaidi malezi yanayolingana na umri. Mkubwa ndiye anayepunguza mwendo.

Wapo wanaokumbusha kwamba Papa Fransisko, mwezi wa Februari 2015, alimsifu baba mmoja aliyesema kwamba huwapiga watoto wake kidogo, lakini kamwe si usoni, ili asiwadhalilishe. Maneno hayo yalizua ubishi mwingi, hata ndani ya Kanisa. Sisi tunaona kwamba alichokisifu ni kuheshimu hadhi ya mtoto. Na mwaka uliofuata, katika waraka wake juu ya upendo katika familia, Amoris Laetitia, alieleza kwa kirefu zaidi: katika namba 269, kwamba mtoto aliyekosa arekebishwe lakini asifanywe adui wala kitu cha kumalizia hasira zetu, na katika namba 271, kwamba mtoto adaiwe yale tu anayoyaweza, kwa hatua ndogo ndogo anazoweza kuzielewa na kuzikubali. Mwenye kumnukuu Papa aifikishe safari hadi hapo.

Kanisa letu katika visiwa hivi lina sababu ya pekee ya kuwa makini na fimbo. Mapadre wa Roho Mtakatifu walipoipokea misheni ya Unguja mwaka 1863, miongoni mwa waliolelewa humo mapema walikuwa watoto waliokombolewa utumwani. Hapo Mbweni, katika miaka ya 1870, ndugu zetu Waanglikana waliwapokea wasichana waliotolewa katika majahazi ya watumwa. Watoto hao walitoka katika maisha ambamo kiboko kilikuwa sauti ya bwana. Si vema kile kilichokuwa alama ya utumwa wao kiitwe leo alama ya upendo wetu.

Sheria na ushahidi

Baraza la Wawakilishi, ambalo leo lina makao yake hapa hapa Chukwani, lilipitisha Sheria ya Mtoto ya Zanzibar, Namba 6 ya mwaka 2011. Sheria hiyo inakataza mtoto kufanyiwa ukatili, mateso, au adhabu ya kikatili na ya kudhalilisha. Inamwachia mzazi haki ya kumrudi mwanawe, lakini si kwa namna itakayomdhuru mwili au akili. Sheria ya Bara, Namba 21 ya mwaka 2009, inasema jambo zito zaidi katika kifungu cha 13: hakuna marudi yaliyo halali kwa mtoto ambaye, kwa sababu ya uchanga wake, hawezi kuelewa shabaha ya marudi hayo. Maneno hayo yafaa kuandikwa mlangoni kwa kila mzazi. Mkataba wa Afrika wa Haki na Ustawi wa Mtoto wa mwaka 1990, ambao Tanzania imeuridhia, unataka adabu ya nyumbani itolewe kwa ubinadamu na kwa heshima ya mtoto.

Ushahidi nao upo. Utafiti wa kitaifa wa mwaka 2009 juu ya ukatili dhidi ya watoto, uliofanyika Bara na Visiwani, ulionyesha kwamba zaidi ya nusu ya vijana walioulizwa walikuwa wamefanyiwa ukatili wa mwili kabla ya kutimiza miaka 18, wengi wao na ndugu zao au walimu wao. Na mwaka 2016 Elizabeth Gershoff na Andrew Grogan-Kaylor wa Marekani walizikusanya pamoja tafiti za miaka 50 zilizohusu watoto zaidi ya 160,000. Walikuta kwamba kupigwa hata makofi ya kawaida kunaambatana na ugomvi zaidi na utovu wa nidhamu zaidi, si adabu zaidi. Tunapigana na moto kwa mafuta ya taa.

Nani anamlea mlezi?

Hata hivyo, tungekuwa wanafiki kama tungeishia kusema "usipige" na kwenda zetu. Waamini wengi hapa Unguja, au wazazi wao, walitoka Bara. Bibi yuko Songea, shangazi yuko Tabora, dada yuko Moshi. Zamani mtoto alikuwa na mikono kumi ya kumpakata; leo ana mikono miwili ya mama, na mama mwenyewe anaishi chumba kimoja cha kupanga, anatoka alfajiri kwenda kazini hotelini au kuuza vitumbua. Anayebaki na mtoto ni msichana wa kazi, pengine naye bado ni mtoto, aliyeletwa kutoka kwao bila kufundishwa lolote, analipwa kidogo, anatukanwa, na hana siku ya kupumzika. Kisha twashangaa anapomfinya mtoto tuliyemwachia!

Uonevu huteremka kama maji ya mvua. Mwajiri humdhulumu baba, baba humfokea mama, mama humgombeza yaya, yaya humfinya mtoto, naye mtoto hana wa kumfinya ila paka. Tume ya Haki na Amani haiwezi kulitazama tone la mwisho na kuliacha wingu. Malipo halali kwa wafanyakazi wa nyumbani, likizo ya uzazi inayoheshimiwa, na baba anayeshika zamu yake usiku ni sehemu ya adabu ya mtoto. Baba anayerudi nyumbani na kuuliza tu kwa nini mtoto analia hajalea. Ampokee mtoto, amwambie mkewe akalale.

Kwa hiyo tunapendekeza mambo ambayo kila Jumuiya yaweza kuyafanya bila kungoja fedha. Mama anapojifungua, Jumuiya isifikishe zawadi tu siku ya kwanza na kutoweka; ipange zamu ya kumpa saa moja ya kulala, hasa katika wiki sita za kwanza na zile zinazofuata, wakati kilio kinapozidi. WAWATA wawachukue wasichana wa kazi kama binti zao, wawafundishe hatari ya kumtikisa mtoto na namna ya kumtuliza. Semina ya wazazi kabla ya Ubatizo isiishie kwenye majina ya wasimamizi; iwe na somo moja juu ya hatua za ukuaji wa mtoto. Wasimamizi wenyewe wakumbushwe kwamba waliahidi kusaidia malezi, si kununua nguo nyeupe pekee.

Na mahali ambapo mtoto anaumizwa, tusijifiche nyuma ya maneno "hayo ni mambo ya ndani". Kwanza tumwendee mlezi kwa upole na kumpa msaada. Lakini pakiwa na jeraha, kuungua, au hatari ya kuendelea kuumizwa, kimya chetu ni ushiriki. Yupo sheha, yupo Afisa Ustawi wa Jamii, kipo Kituo cha Mkono kwa Mkono katika Hospitali ya Mnazi Mmoja, na ipo namba ya simu 116 ya kusaidia watoto, isiyo na malipo.

Mwana wa Mungu alikuja kwetu akiwa katika umri huu tunaouzungumzia. Alilia, alijichafua, alianguka alipokuwa akijifunza kutembea. Kila mtoto anayesimama dede katika ua wa Chukwani anatukumbusha siku hizo za Nazareti, na anatudai kile ambacho Yosefu na Maria walimpa Yesu: muda wa kukua.

Maswali ya kujadiliana katika Jumuiya

1. Katika mtaa wetu, watoto walio chini ya miaka mitatu huadhibiwa kwa njia zipi, na kwa makosa gani? Je, yale tunayoyaita makosa ni makosa kweli?
2. Ni mama gani katika Jumuiya yetu aliyejifungua karibuni, na nani atampa saa moja ya kupumzika wiki hii?
3. Msichana anayelea watoto wetu analipwaje, analala wapi, na nani humsikiliza?
4. Someni Mwanzo 33:12-14. Mwendo wa watoto wetu ni upi, nasi tupunguze mwendo wetu katika jambo gani?